Jipu kwenye Daftari la Bara



Kila ifikapo tarehe 16 Juni, nchi hii hufunga ofisi na kuwakumbuka watoto wa Soweto wa mwaka 1976. Redio hurudia yale yale: amri ya kufundisha kwa Kiafrikana, maandamano ya wanafunzi, risasi za polisi, picha ya mtoto Hector Pieterson akiwa amebebwa mikononi. Sisi leo tunataka kuzungumzia jambo dogo zaidi la siku zile, lisilo na picha wala sanamu. Ni neno moja lililoandikwa kwenye kumbukumbu za hospitali: jipu.

Majeruhi wengi walikimbizwa hospitali ya Baragwanath, ambayo wenyeji huiita Bara tu. (Mswahili akiambiwa fulani amelazwa Bara, hufikiri yuko Morogoro!) Watoto walijaa kwenye korido wakivuja damu. Polisi wakataka wapewe orodha ya wote walioingia na majeraha ya risasi, ili wafunguliwe mashtaka ya kufanya fujo. Uongozi wa hospitali ukaifikisha amri hiyo kwa madaktari. Madaktari wakakataa kuandika orodha, na historia ya siku zile inasimulia kwamba majeraha ya risasi yakaandikwa kuwa ni majipu.

Waswahili tunasema mficha maradhi kilio humuumbua. Hapa mambo yalikuwa kinyume: ugonjwa ulifichwa ili mgonjwa apone. Lakini kuna jambo jingine ambalo wasimulizi wengi hulipita haraka, na ndilo lililotufanya tuandike makala haya. Kwa nini jipu? Kwa nini wasiandike kwamba mtoto ameanguka, ameng'atwa na mbwa, amekatwa na chupa?

Jibu letu ni kwamba uongo ule ulikaribiana mno na ukweli. Hebu fikiria jipu linavyotibiwa. Hupasuliwa, usaha hutoka, shimo huoshwa, kitambaa laini cha shashi huingizwa ndani ili mdomo wa kidonda usijifunge kabla ya chini kupona, kisha mgonjwa hurudi kila siku kubadilishiwa bendeji. Sasa fikiria jeraha la risasi kwenye paja, ambalo halikugusa mfupa wala mshipa mkubwa. Hupanuliwa kwa kisu, nyama iliyokufa hukatwa, vipande vya nguo vilivyoingia na risasi hutolewa, shimo huoshwa, shashi huingizwa, na kidonda huachwa wazi. Mgonjwa hurudi kubadilishiwa bendeji. Muuguzi wa zamu ya usiku akisoma neno jipu angefanya karibu kazi ile ile ambayo angeifanya kama angesoma neno risasi. Daftari lilidanganya polisi bila kumdanganya muuguzi.

Ila ufundi huu wa kukiacha kidonda wazi haukuwa wa siku zote. Ulijifunzwa kwa gharama kubwa, na sehemu ya hadithi yake inapita hapa hapa Johannesburg na nyingine inapita kwetu Afrika Mashariki.

Kwa karne nyingi huko Ulaya matabibu waliamini kwamba kuna usaha mwema. Ule mzito, mweupe, usio na harufu kali ulihesabiwa kuwa dalili ya kupona. Ule mwepesi wenye damu na uvundo ulikuwa habari mbaya. Tusiwacheke. Hawakujua vijidudu, lakini macho yao yalikuwa yameona kitu cha kweli: usaha mzito kwa kawaida ni wa ugonjwa uliozungukwa na kubanwa mahali pamoja, na ule mwembamba unaonuka mara nyingi ni wa ugonjwa unaotambaa. Kosa lao lilikuwa kuutaka usaha, hata kuuchokoza uje. Mwaka 1867 daktari Joseph Lister alitangaza kule Uingereza kwamba kidonda kikifungwa kwa asidi ya kaboliki kinaweza kupona bila usaha kabisa, na polepole dunia ya madaktari ikageuka.

Ikageuka kupita kiasi, na vita vya Makaburu vya 1899 hadi 1902 vilichangia. Vilipiganwa kwenye nyika hizi za Transvaal na Orange Free State, penye hewa kavu, jua kali, na ardhi ambayo sehemu kubwa haijawahi kutiwa samadi. Risasi za Mauser za Makaburu zilikuwa nyembamba na za kasi. Nyingi ziliingia na kutoka zikiacha tundu dogo safi. Madaktari wa jeshi la Uingereza walizoea kuweka kitambaa kikavu juu ya tundu na kusubiri, na majeruhi wengi walipona. Waliokufa zaidi waliuawa na maradhi, hasa homa ya matumbo. Madaktari wakarudi kwao na somo walilolipata nyikani: kidonda cha risasi usikichokore, kifunike, kitapona.

Somo hilo liliua watu mwaka 1914. Mashamba ya Ubelgiji na kaskazini ya Ufaransa yalikuwa yametiwa mavi ya farasi na ng'ombe kwa mamia ya miaka. Kipande cha kombora kiliingia mwilini na tope, sare na vijidudu vyote vya shamba. Jeraha lililoshonwa au kufunikwa tu lilivimba, likajaa hewa chini ya ngozi, na mtu akafa kwa siku chache. Vidonda vilivyopona Transvaal kwa kitambaa kikavu vilioza Flanders.

Hapa anaingia mtu ambaye Johannesburg ilimjua. Mwaka 1911 mtaalamu wa chanjo Almroth Wright aliletwa kwenye migodi ya dhahabu ya Rand, ambako wachimbaji Waafrika walikuwa wakifa kwa nimonia kwa idadi ya kutisha, hasa wale waliotolewa nchi za joto za kaskazini, Msumbiji na Nyasaland. Walilala wengi katika chumba kimoja, wakitoka jasho chini ya ardhi na kupigwa na baridi juu. Wenye migodi waliona ni nafuu kutafuta chanjo kuliko kubadilisha mabweni. Chanjo ya Wright haikuleta matokeo aliyoyatarajia, lakini mwaka 1912 ikaanzishwa hapa mjini taasisi ya utafiti wa tiba ya Afrika Kusini, ambayo jina lake litarudi chini kidogo.

Vita vilipozuka, Wright alikwenda Boulogne, Ufaransa, akifuatana na kijana wake wa maabara, Alexander Fleming. Walikuta madaktari wanamimina dawa kali za kuua vijidudu kwenye majeraha na majeraha yanaendelea kutoa usaha. Fleming akatengeneza chombo cha kioo chenye miiba yenye uwazi ndani, mfano wa jeraha lenye vichochoro. Akakijaza vijidudu, akamimina dawa, akaimwaga, akatia maji safi. Vijidudu vikarudi. Vilikuwa vimejificha kwenye vichochoro ambako dawa haikufika. Na mahali ilipofika, ilikuwa inaua pia chembechembe nyeupe za damu, askari wa mwili wenyewe. Wright yeye alisisitiza maji ya chumvi yenye nguvu, yavute majimaji ya mwili yatoke nje na kuosha kidonda kutoka ndani. Bibi zetu waliokuwa wakichemsha maji wakatia chumvi ya mawe wangemwelewa bila mkalimani.

Sehemu nyingine ya mstari huo wa vita, kule Compiègne, Alexis Carrel na mkemia Henry Dakin walichagua njia tofauti. Walichukua ile dawa ya kufulia nguo, klorini, wakaizimua hadi nusu ya asilimia moja na kuipunguza ukali, kisha wakaipeleka ndani ya jeraha kwa mipira myembamba yenye vitundu, kila baada ya saa mbili, usiku na mchana. Wafuasi wa njia hizi mbili walibishana vikali. Kwa maoni yetu waliosahauliwa katika ubishi huo ni wauguzi, kwa kuwa njia zote mbili zilidai mtu wa kusimama kando ya kitanda mara kwa mara. Na lililokuja kukubaliwa na wote lilikuwa la kisu kabla ya dawa: panua jeraha, kata nyama iliyokufa, usishone leo. Subiri siku nne au tano. Likiwa safi, ndipo ushone.

Wakati huo huo vita hivyo hivyo vilikuwa vimefika kwetu. Mwanzoni mwa 1916 majeshi ya Afrika Kusini yalishuka Mombasa, na Jenerali Jan Smuts akachukua uongozi wa kuwafukuza Wajerumani kutoka Tanganyika. Vijana wa Johannesburg na Pretoria walitembea kutoka Kilimanjaro hadi Kondoa, Morogoro na mto Rufiji. Risasi ziliua wachache. Malaria na kuhara viliwamaliza, na miguuni wakakutana na funza.

Funza ni mgeni Afrika. Aliletwa na meli kutoka Brazil hadi Ambriz, Angola, mwaka 1872, na kabla ya karne kwisha alikuwa amevuka bara zima kwenye miguu ya wapagazi na askari hadi akafika pwani yetu. Anaingia chini ya ukucha, anavimba kama punje ya mtama, na akitolewa vibaya mfuko wake unapasukia ndani. Hapo usaha huanza. Wapo askari waliopoteza vidole vya miguu kwa mdudu mdogo kuliko kichwa cha pini. Waliokuwa na ustadi wa kumtoa mzima mzima, kwa mwiba au pini, walikuwa wenyeji. Mwisho wa 1916 Smuts alilazimika kuwarudisha kusini askari weupe zaidi ya 12,000, wengi wakiwa wagonjwa.

Wapagazi hawakurudishwa. Hao ndio waliobeba risasi, unga na majeruhi wa wengine, na jina la kikosi chao limebaki Kariakoo ya Dar es Salaam na Kariokor ya Nairobi. Hesabu za Waingereza wenyewe za wapagazi wao waliokufa zinakaribia 95,000, walio wengi kwa maradhi na njaa. Wengi walitembea peku, wakila unga usioiva vizuri. Mtu mwenye njaa akikwaruzwa mguuni kwenye matope, kidonda kinaweza kuwa kile tunachokiita donda ndugu: duara lenye kingo zilizoinuka, linalotoa majimaji yenye uvundo, linalokula ngozi, kisha nyama, mara nyingine hadi mfupa. Neno lenyewe linatufikirisha. Babu zetu walikiita ndugu kidonda ambacho hakiondoki nyumbani. Kinatibika kwa kusafishwa, kwa dawa na kwa chakula, na hicho cha tatu ndicho wapagazi walichokikosa zaidi.

Turudi Johannesburg. Wakati wa vita vya pili Uingereza iliomba Afrika Kusini hospitali kwa ajili ya askari wake. Ikajengwa kando ya barabara ya Potchefstroom, mahali palipokuwa na nyumba ya wageni ya Mwingereza mmoja kutoka Cornwall, John Albert Baragwanath. Ilifunguliwa Septemba 1942, na Smuts, sasa akiwa Waziri Mkuu, alisema kwamba vita vikiisha itakuwa hospitali ya Waafrika wa eneo hilo. Mwaka 1948 ikaanza kazi hiyo, mwaka ule ule chama cha Nationalist kilipochukua serikali na kuanza kupanga ubaguzi kwa sheria moja baada ya nyingine. Kwa hiyo hospitali ya kijeshi ikawa ya raia, lakini majeraha hayakubadilika sana. Wikiendi za Soweto zilileta visu, risasi na chupa kwa wingi hivi kwamba madaktari vijana kutoka nchi za nje walikuwa wakija Bara kujifunza upasuaji wa majeruhi. Tangu 1997 inaitwa Chris Hani Baragwanath, kwa heshima ya kiongozi aliyeuawa Aprili 1993, na ina vitanda karibu 3,000.

Katikati ya miaka hiyo ilikuja penisilini. Mgonjwa wa kwanza kutibiwa nayo kule Oxford, Februari 1941, alikuwa polisi aitwaye Albert Alexander. Ugonjwa ulikuwa umemjaza majipu usoni na kichwani, jicho moja likatolewa. Siku chache za dawa zilimfanya aketi na kula. Dawa ilikuwa kidogo mno hata wakawa wanaikamua kutoka kwenye mkojo wake ili wamdunge tena. Ikaisha. Usaha ukarudi, naye akafa mwezi Machi. Miaka michache baadaye dawa ile ile ilikuwa ikitengenezwa kwa wingi, na kizazi kizima cha madaktari kikaanza kudhani kwamba kuosha vidonda ni kazi ya zamani.

Haikuchukua muda. Mwaka 1977, mwaka mmoja tu baada ya watoto wa Soweto kupigwa risasi, wataalamu wa ile taasisi ya Johannesburg na wenzao wa Durban waligundua kwenye hospitali za hapa vijidudu vya nimonia vilivyokuwa sugu kwa penisilini na kwa dawa nyingine kadhaa kwa mpigo. Dunia ilishtuka. Ugonjwa ule ule uliomleta Wright Rand mwaka 1911 ukatangaza kutoka mji ule ule kwamba enzi ya dawa rahisi inaanza kupungua. Hospitali zetu nyingi sasa zinajua habari hii kwa upande wa vidonda: mgonjwa anapewa dawa hii, anapewa ile, na kidonda kinaendelea kutoa. Mara nyingi kilichobaki ni kile cha Compiègne na Boulogne. Maji, kisu, subira na mikono.

Watanzania miongoni mwetu tuliligeuza jipu kuwa neno la siasa mwishoni mwa 2015, Rais John Magufuli alipotangaza kwamba anatumbua majipu. Lilishika kila mahali, hata Wakenya walilichukua. Ila tulilolipenda lilikuwa kutumbua tu. Muuguzi yeyote angetuambia kwamba kutumbua huchukua dakika kumi, na kusafisha shimo huchukua wiki.

Na kusafisha kuna elimu yake. Majimaji yanayotoka kwenye kidonda si adui yote. Mwaka 1962 mtafiti George Winter wa London, akifanya majaribio kwa nguruwe, alionyesha kwamba kidonda kilichowekwa katika unyevu hupona upesi kuliko kilichoachwa kikauke na kufanya gamba. Sisi tuliolelewa kwa ushauri wa anika kidonda juani tunaona tabu kuamini, lakini ndivyo ilivyo. Shida huanza majimaji yakizidi: yanalowesha bendeji, yanachuruzika kwenye ngozi nzima iliyo pembeni na kuila, ngozi inakuwa nyeupe na laini kama kidole kilichokaa majini, kisha nayo inachubuka. Ndiyo maana muuguzi mzuri hupaka mafuta mazito au krimu ya zinki kuzunguka kidonda kabla ya kuweka kitambaa. Anachokilinda ni ile ngozi ambayo bado haijaugua.

Rangi na harufu husema pia. Kijani chenye harufu tamu kidogo ya matunda yaliyovunda mara nyingi ni kijidudu kinachopenda mahali palipolowa, na wanaokijua zaidi ni wauguzi wa majeraha ya moto. Johannesburg wanayo kazi. Kila Juni na Julai baridi inapobana, majiko ya mafuta ya taa huanguka kwenye vibanda vya mabati, na watoto hufikishwa hospitali na ngozi iliyoungua inayovuja majimaji siku nzima. Kijidudu hicho cha kijani huchukia siki. Siki iliyozimuliwa sana imetumika dhidi yake tangu zamani na bado inatumika mahali ambapo dawa ghali hakuna. Asali nayo ina heshima yake, kwa sababu huvuta maji na kuwanyima vijidudu. Hata papai! Mwaka 1977 hospitali ya Guy's kule London ilikuwa na mgonjwa aliyebadilishiwa figo, kidonda chake kimeshindikana kwa dawa zote. Daktari akaweka vipande vya papai juu yake, tiba aliyokuwa ameiona huku Afrika Kusini, na kidonda kikasafika. Magazeti ya Uingereza yalishangaa sana. Akina mama wa Tanga wasingeshangaa, ingawa wangeuliza papai moja huko London lilinunuliwa kwa bei gani.

Hatusemi mtu aache kliniki akanunue papai. Mwenye kisukari anayeona majimaji kwenye soksi, mwenye wekundu unaopanda mguu, mwenye homa na kutetemeka, huyo aende leo hii. Tunasema tu kwamba tiba ya kidonda kinachotoa usaha, ukiondoa kisu cha siku ya kwanza, ni jambo la kurudi. Kurudi kesho, keshokutwa, na wiki ijayo. Na hapo ndipo tunapofika kwenye mlango wa kliniki, ambao kwetu wageni wa mji huu ni habari ya kila siku.

Katiba ya Afrika Kusini ya 1996, kifungu cha 27, inakataza mtu yeyote kunyimwa matibabu ya dharura. Ni katiba nzuri na tunaishukuru. Mei 2008, vurugu dhidi ya wageni zilipoanza Alexandra na kusambaa, watu 62 wakauawa na mamia wakajeruhiwa, hospitali ziliwapokea waliokatwa na kuchomwa bila kuuliza kwanza wametoka wapi. Lakini dharura ni ya siku ya kwanza. Bendeji ya siku ya kumi si dharura kwa mujibu wa mtu yeyote, na bila hiyo ya kumi ile ya kwanza ilikuwa kazi bure.

Mwaka 2021, mwezi wa Juni, lilizaliwa Soweto kundi linalojiita Operation Dudula, neno la Kizulu lenye maana ya kusukuma nje. Baadaye wafuasi wake walianza kusimama kwenye milango ya kliniki na hospitali za Gauteng wakidai vitambulisho na kuwarudisha wasio navyo. Hawakuwa askari wala wauguzi. Walikuwa majirani. Novemba 2025 Mahakama Kuu ya Johannesburg iliwazuia: ikaamua kwamba hawana mamlaka ya kudai vitambulisho vya mtu wala kumzuia asiingie kutibiwa. Hukumu ni nzuri, na waliokwenda kuidai mahakamani wanastahili shukrani. Lakini aliyewahi kufukuzwa mlangoni hasomi hukumu kabla ya kuamua kama arudi. Hukaa nyumbani.

Tunaona tofauti moja kati ya mwaka 1976 na sasa, na inatuuma. Safari ile waliotaka orodha walikuwa polisi, na waliokataa walikuwa ndani ya hospitali, na mtaa mzima ulikuwa upande wa majeruhi. Safari hii orodha inatakiwa na mtaa. Wauguzi wengi bado wanakataa, kimya kimya, kama wenzao wa zamani: wanamwita mtu kwa jina la kwanza tu, wanampa siku ya kurudi asubuhi mapema kabla mlango haujajaa watu. Wengine hawakatai. Na wengine wamechoka tu, kwa kuwa foleni ni ndefu kweli na dawa ni chache kweli, na malalamiko ya Wasoweto kuhusu hilo si uzushi.

Yeoville na Berea wapo wauguzi kutoka Kongo, Malawi na kwetu, ambao vyeti vyao havijakubaliwa hapa na wanajipatia riziki kwa kusuka nywele au kuuza sokoni mtaa wa Rockey. Jioni huitwa majumbani. Hubeba begi lenye chumvi, shashi, gundi ya bendeji, na mkasi uliochemshwa. Huosha kidonda, hunusa, hutazama kitambaa kilicholowa kwenye mwanga, na kama hawaridhiki humwambia mtu na familia yake waziwazi kwamba hii imepita uwezo wao, kesho saa kumi na moja alfajiri mtakwenda hospitali, nitawasindikiza hadi mlangoni. Kwa kazi hiyo hutoza bei ya shashi.